Meza ya Mparachichi wa Ludovika

Ukitaka kumuudhi Ludovika, tupa ganda la ndizi uwanjani kwake. Usiseme neno. Tupa tu, halafu kaa pembeni uone.

Ludovika anaishi Ruhuwiko, pembeni mwa mji wa Songea, pamoja na mume wake Romwaldi, fundi wa kujenga nyumba. Watoto wao wamekua. Binti yao mkubwa, Anjelika, ameolewa Namtumbo, na kwa jina lake majirani humwita Ludovika Mama Anjelika. Nyumba yao si kubwa. Bati limeanza kupata kutu. Lakini uwanja wao, asikudanganye mtu, hakuna mwingine kama huo mtaa mzima.

Kila asubuhi, kabla ya kuwasha moto wa chai, Ludovika hushika fagio lake la vijiti. Huanzia mlangoni. Huinama, mkono mmoja mgongoni, mwingine unafagia. Hurudi kinyumenyume mpaka barabarani, ili asikanyage alipokwisha kufagia. Akimaliza, uwanja mzima una mistari ya fagio iliyopinda vizuri, wala huoni unyayo hata mmoja. Watu wanaokwenda sokoni hupunguza mwendo.

"Mama Anjelika, hapa mtu anaweza kumwaga ugali chini akala," humwambia.

"Kuleni tu," hujibu. Anajifanya hajali, lakini maneno hayo humshibisha mpaka mchana.

Kufagia alifundishwa na mama mkwe wake, marehemu Severina. Siku Ludovika alipoletwa kwa mumewe, mama mkwe hakumuuliza kama anajua kupika. Alimpa fagio, akakaa kwenye kigoda, akamtazama. Ludovika alifagia mpaka jasho likamtiririka. Mama mkwe alipoinuka alisema maneno mawili tu: "Tumepata mtu." Ludovika hajayasahau maneno hayo mpaka leo, na kila asubuhi anafagia kama vile mama mkwe bado amekaa pale kwenye kigoda.

Katikati ya uwanja huo umesimama mparachichi. Ludovika aliuleta mwenyewe kutoka kwa baba yake Peramiho, ukiwa mche mdogo ndani ya kopo. Aliushika mapajani njia nzima. Ulikua, ukazaa maparachichi makubwa, yenye mafuta, yasiyo na nyuzi. Watoto waliyala kwa ugali wakasahau mboga. Hakuna mgeni aliyeondoka mikono mitupu.

Lakini huu ulikuwa mwaka wa pili mti unaumwa. Matawi ya juu yalianza kukauka kuanzia kwenye ncha. Majani yalikuwa madogo, tena ya njano. Mwezi wa tisa ulitoa maua mengi, Ludovika akafurahi. Vitunda vikatokea, vidogo kama punje za mahindi. Kufika Novemba, vyote vilikuwa chini.

Ludovika akavifagia.

Na majani yaliyoanguka aliyafagia pia, kama alivyofanya miaka yote. Aliyakusanya kwenye shina la mti, akayachoma hapo hapo. Moto mdogo tu, wa kumaliza uchafu. Mizizi ilikuwa imetokeza juu ya ardhi, imepauka. Nayo aliifagia, mzizi na mzizi, kama anavyofagia chini ya kitanda.

Jioni moja Romwaldi alirudi kutoka kazini, akachukua panga, akaenda kusimama chini ya mti.

"Mama Anjelika, njoo."

"Panga la nini saa hizi?"

"Mti huu umekuwa mkaidi. Wazee walijua dawa yake. Mti mkaidi unatishwa. Mimi nautisha, wewe unaujibia."

Ludovika aliijua desturi hiyo. Baba yake Romwaldi aliwahi kuifanya kwa mti wake wa maembe. Mmoja anashika panga na kuusemesha mti kwa ukali. Mwingine anajificha nyuma ya shina na kujibu kwa niaba ya mti. Alitaka kucheka, lakini uso wa mumewe haukuwa na mchezo. Akaenda kusimama nyuma ya shina.

"Wewe mti," Romwaldi alisema kwa sauti nzito. "Unakaa kwangu bure. Huzai. Leo nakukata." Akapiga panga kwenye gome. Kipande kikaruka.

Ludovika alichungulia kutoka nyuma ya shina.

"Jibu basi, mwanamke."

"Usinikate, baba," Ludovika alisema. "Nitazaa."

"Lini?" Panga likapiga tena.

"Mwakani. Acha kunipiga, naumia."

"Mwakani lini? Sema vizuri."

"Novemba ikifika utakuta matunda yangu hayajaanguka."

Romwaldi akashusha panga na kufuta jasho. "Haya. Umesikia ulivyosema. Mimi natafuta mahali pa kujenga banda la nguruwe, na hapa panafaa. Novemba ya mwakani nikikuta matunda chini, naukata kweli. Na nisisikie kelele."

"Mimi nimesema kwa niaba ya mti tu."

"Aliyeahidi ni wewe. Mti haukufungua mdomo."

Alipoingia ndani, Ludovika alibaki ameegemea shina. Alipapasa pale panga lilipopita. Palikuwa pabichi, panatoa maji. Roho ilimuuma. Mti huu ndio kitu pekee alichobaki nacho kutoka kwa baba yake. Na sasa ameuwekea ahadi, wakati hajui hata mti wenyewe unaumwa nini.

Ng'ambo ya uzio wa miti anakaa Sharifa. Huyu ni mtu wa Tunduru. Alihamia Ruhuwiko na mumewe Daimu, mfanyabiashara, na majirani humwita Mama Muhsini. Nyuma ya nyumba yake ana kitalu. Anaotesha miche ya matunda, anaibebesha vikonyo vya miti bora, anaiuza. Baba yake alikuwa na shamba la mikorosho na matunda huko Tunduru, na Sharifa alikulia humo. Baadaye alihudhuria mafunzo ya wenye vitalu. Kwa hiyo miti anaijua, tena anajua kwamba anaijua.

Tuseme ukweli: Ludovika alikuwa akimsema Sharifa. Hakumsema kwa ubaya sana. "Mama Muhsini ni mtu wa watu," aliwaambia wenzake kisimani. "Anapika vizuri, anasali. Ila fagio hajui." Maana chini ya miti ya Sharifa kulijaa majani makavu. Hayafagiliwi, hayachomwi. Ludovika alikuwa akipita hapo, anageuza uso.

Lakini mparachichi wa Sharifa ulikuwa umejaa. Vitunda vilikuwa vimekaza juu, kijani kibichi, wala havina habari ya kuanguka. Ludovika aliutazama juu ya uzio mpaka shingo ikamuuma. Moyoni akasema, huyu ana dawa ya Tunduru.

Kesho yake mchana alikumbuka kwamba ana ungo wa Sharifa. Alikuwa nao tangu mwezi wa sita. Akaubeba, akaenda.

"Hodi hapa."

"Karibu. Shikamoo dada."

"Marahaba. Nimekuletea ungo wako."

Sharifa aliutazama ungo, akamtazama Ludovika, akacheka kidogo. "Ungo huu nilishausamehe, dada. Sema kilichokuleta."

Ludovika alikaa kwenye mkeka. Aliona aibu, lakini alikuja kusema, akasema. Alieleza habari ya matunda kuanguka, matawi kukauka, panga, na ahadi ya Novemba. Alipofika mahali pa kuujibia mti, Sharifa alijiziba mdomo kwa kanga, mabega yakimtikisika.

"Cheka tu," Ludovika alisema. "Lakini nipe dawa unayoutilia mti wako."

"Dawa yangu unaijua. Ndiyo unayonisema kisimani."

Ludovika akainamisha macho. "Nani amekwambia?"

"Songea ni kubwa, dada, lakini si kwa maneno. Mimi sikukasirika. Nilisema, siku moja atakuja mwenyewe kuuliza. Alhamdulillahi, umekuja, tena na ungo wangu. Simama twende."

Wakaenda chini ya mparachichi wa Sharifa. Jua lilikuwa la utosi.

"Vua kandambili," Sharifa alisema.

"Nivue?"

"Vua, usimame juu ya majani."

Ludovika akavua. Aliogopa kidogo, akakanyaga. Majani yalikuwa laini, na chini yake kulikuwa na ubaridi. Sharifa alichukua fimbo, akachokoa majani kwanza, kisha akachutama na kuyafunua kwa mkono. Chini yalikuwa yameoza, yamekuwa udongo mweusi wenye unyevu. Nyungunyungu alijikunja akajificha. Na kila mahali kulikuwa na vijizizi vyeupe, vyembamba kama nyuzi za kushonea.

"Unaviona hivyo? Huo ndio mdomo wa mti. Ile mizizi mikubwa inaushikilia tu usianguke. Vinavyokula ni hivi vidogo, na mparachichi huviweka juu juu, karibu kabisa na uso wa ardhi. Vinaenea mpaka pale kivuli cha matawi kinapoishia, hata kupita hapo. Sasa twende kwako. Kandambili ziache hapa."

Ludovika alivuka uzio pekupeku. Alipofika kwenye uwanja wake, ule mweupe, ule wa mistari, alianza kurukaruka. Udongo ulikuwa wa moto kama sufuria. Hata chini ya mti, mahali ambapo matawi yalikauka na kupitisha jua, hapakukanyagika.

"Simama hapo," Sharifa alisema.

"Naungua, Mama Muhsini."

"Na mizizi je? Haina kandambili. Iko hapo tangu asubuhi."

Ludovika alikimbilia kwenye kivuli cha ukuta. Hakucheka. Alikuwa anaiangalia mizizi yake iliyopauka, kama anaiona kwa mara ya kwanza.

Sharifa aliinama, akapima kwa mkono mzizi mmoja ulivyotokeza. "Mti haukupanda juu, dada. Udongo ndio umeshuka. Fagio linachukua jani, na chini ya jani linachukua vumbi. Kila siku vumbi kidogo. Ukifagia miaka yote hiyo, umeufagilia mbali udongo mzuri wote. Halafu majani, ambayo ni chakula chake, unayachoma. Tena unayachomea shinani. Moto unaua vijizizi na kuunguza gome." Akazunguka shina, akasimama. "Na huyu nani amempiga?"

"Baba yake," Ludovika alijibu.

Romwaldi alikuwa akitoka ndani, amekuja kula chakula cha mchana. Akasikia.

"Shikamoo shemeji," Sharifa alisema. "Hili panga lako limefanya nini hapa?"

"Marahaba. Tuliutisha kidogo. Ni mambo ya wazee."

"Wazee tunawaheshimu. Lakini chakula cha mti hupita hapa chini ya gome. Ukilikata gome, umekata njia ya chakula. Na kidonda cha mti ni mlango wa magonjwa. Mti ulio na njaa unaupiga, shemeji. Mtu mwenye njaa unampiga?"

Romwaldi alijikuna kisogo. "Mimi nimepewa ahadi," alisema. "Novemba ya mwakani. Fanyeni mtakavyo mpaka hapo. Panga sitaligusa."

Wakaanza siku ile ile. Sharifa aliukata mti matawi yaliyokauka kwa msumeno safi, akiyakata karibu na pale yalipoota, bila kuacha kisiki. Vile vidonda vya panga alivisawazisha kingo kwa kisu, akaviacha vikauke vyenyewe. "Usipake tope wala kinyesi," alisema. Kisha alileta samadi ya mbuzi wake, ile ya zamani, iliyooza ikawa haina harufu.

"Mbichi haifai?" Ludovika aliuliza.

"Mbichi inaunguza. Subiri mpaka ioze, uishike kama udongo."

Walichanganya samadi na udongo mweusi, wakatandaza safu nyembamba juu ya mizizi iliyokuwa wazi. Hawakulima wala kupiga jembe, maana jembe lingekata mizizi. Romwaldi alileta mabua ya mahindi kwa baiskeli kutoka shambani kwao Mpitimbi. Ludovika alikusanya maganda ya maharage na majani makavu ya kila mahali. Wakayatandaza chini ya mti wote, unene wa kiganja, mpaka kivuli kinapoishia.

"Shinani usisogeze," Sharifa alionya. "Acha nafasi, kutoka kiwiko mpaka kwenye vidole. Shina likizibwa na majani yaliyolowa maji, linaoza."

"Na nyoka je?"

"Nyoka hufuata rundo, na panya walio ndani ya rundo. Usirundike, tandaza. Mti wako uko mbali na mlango. Na kabla ya kutia mkono, tangulia na fimbo. Uwanja uliobaki fagia utakavyo. Hapo sikukatazi."

Ludovika aliutazama uwanja wake. Katikati kulikuwa na uchafu. Hakuna jina lingine alilolipata, uchafu. Alimshukuru Sharifa, akaingia ndani, akafunga dirisha la upande ule.

Mvua za kwanza zikaja. Ludovika akawa anafagia asubuhi, akifika kwenye majani anageuka. Mkono ulimwasha. Wapita njia walipunguza mwendo, lakini sasa hawakusema habari ya ugali. Mmoja aliuliza kama anaumwa. Ludovika alijibu ni mzima, na chai ya siku ile akaiacha ipoe.

Mwezi wa pili ikafika zamu yake. Ludovika yuko katika jumuiya ndogondogo ya parokia yao. Kila Jumamosi wanajumuiya husali katika nyumba ya mmoja wao, na safari hii ni kwa Ludovika. Wote wangekuja. Hata Mama Valence angekuja, mwenyekiti wao, mwanamke mwenye macho yanayoona utando wa buibui nyuma ya mlango uliofungwa. Mama Valence aliwahi kusema mbele ya watu kwamba anayetaka kujua usafi aende kwa Mama Anjelika.

Ijumaa Ludovika alivumilia mpaka saa kumi. Kisha akachukua gunia na reki.

"Nayatoa leo tu," alijiambia. "Jumapili nayarudisha. Mti hautajua."

Alichokoa kwa fimbo, akainama, akavuta fungu la kwanza la majani. Halikuja lote. Kuna kitu kilikuwa kinalishikilia chini. Akavuta tena kwa nguvu, likang'oka. Akaligeuza.

Upande wa chini ulikuwa umejaa vijizizi vyeupe. Vilikuwa vimepanda kutoka ardhini, vikaingia ndani ya majani yaliyooza, vikajisokota humo. Vingine alikuwa amevikata pale pale kwa kuvuta. Vilining'inia.

Ludovika alikaa chini. Alikaa pale pale juu ya majani, na kitenge chake kizuri. Mti ulikuwa umeanza kula. Baada ya miaka ya kufagiliwa chakula mbele ya mdomo, ulikuwa umekipata, na yeye alikuja na reki kuuondolea sahani. Machozi yalimtoka. Alilirudisha lile fungu mahali pake, akalibonyeza kwa viganja taratibu, akaongeza majani mengine juu.

Kisha akainuka, akatazama ile sehemu yote, mikono kiunoni. Sasa alikuwa Ludovika yule yule wa siku zote. Kama majani lazima yakae uwanjani kwake, basi yatakaa kama vitu vya kwake vinavyokaa.

"Baba Anjelika," aliita. "Yale matofali yako yaliyovunjika nyuma ya jiko unayafanyia nini?"

Mpaka giza linaingia walikuwa wamezungusha vipande vya matofali kuuzunguka mti, pale kivuli kinapoishia. Romwaldi ni fundi. Aliyapanga kwa kamba, duara likatoka bila kasoro. Ndani ya duara Ludovika alisawazisha majani kwa mkono, hakuna rundo, hakuna shimo. Asubuhi alifagia uwanja wote kulizunguka duara, mistari ikafuata matofali, ikapinda nayo mpaka mwisho.

Wanajumuiya walikuja, wakasali, wakaimba. Ilipofika wakati wa kunywa togwa, Mama Valence alisimama uwanjani na kikombe chake mkononi. Alilitazama lile duara. Wanawake wote wakageuza shingo.

"Mama Anjelika," alisema, "hapa fagio lilikatika?"

Ludovika aliweka birika chini. 

"Fagio langu ni zima. Hapo ni mezani kwa mti. Majani ndiyo chakula chake. Mtu hafagii meza wakati mwenzake anakula."

Kisha akawaambia wavue viatu. Wanawake wa jumuiya nzima, na Mama Valence mwenyewe, walivua viatu. Wakakanyaga uwanja mweupe, wakaruka. Wakakanyaga duara, wakatulia. Ludovika alichokoa kwa fimbo, akawafunulia mahali padogo, akawaonyesha vijizizi. Aliwaeleza kila kitu kama alivyoelezwa, na kila alipomaliza jambo alisema, "Nimefundishwa na Mama Muhsini, huyo jirani yangu hapo." Alilisema kwa sauti ya kuvuka uzio, maana alijua Sharifa yuko kitaluni anasikia.

Mama Valence alimaliza togwa yake. "Na hayo matofali," alisema, "nani amekupangia? Nataka na mimi anipangie."

Kiangazi kilipofika Ludovika hakuacha kazi. Kila wiki aliumwagilia mti ndoo chache za maji, taratibu, kwenye ukingo wa duara, si shinani. Maji ya sabuni hakutia. Majani ya chini yalipooza na kupungua, aliongeza mengine. Mwezi wa tisa mti ukachanua mpaka nyuki wakavuma kama kwaya inayofanya mazoezi. Romwaldi alitaka kupuliza dawa ya wadudu, Sharifa akamkataza akiwa bado ng'ambo ya uzio. "Ukiwaua nyuki, shemeji, nani atakuzalishia matunda? Wewe?"

Vitunda vikatokea. Vingine vikaanguka, na Ludovika akakimbilia kwenye uzio.

"Mti hauwezi kulea vyote," Sharifa alimwambia. "Unachagua. Tazama juu, usitazame chini. Na hivyo vilivyoanguka na kuoza viokote, uvifukie kwenye shimo refu. Majani yanabaki, tunda lililooza halibaki. Ndani yake kuna funza wa nzi wa matunda."

Ludovika akatazama juu. Novemba ilipofika, vitunda vilikuwa vimekaza. Romwaldi alizunguka mti mara mbili mikono nyuma, akasema "mh," akaenda kazini. Siku chache baadaye banda la nguruwe lilianza kujengwa, nyuma ya jiko, mbali na uzio wa Sharifa.

Mvua ilinyesha vizuri mwaka ule. Maparachichi yakanenepa. Tawi moja kubwa, lile la upande wa barabara, lilianza kuinama kwa uzito.

Asubuhi moja ya mwezi wa pili, Sharifa alikuwa anamwagilia miche yake. Alimwona Romwaldi anaelekea kwenye mti, panga begani. Aliacha kopo la maji, akapita kwenye uzio bila hodi.

"Shemeji, tulikubaliana."

Romwaldi aliupita mti, akaenda mpaka kwenye miti ya mlingoti, ile mikaratusi ya nyuma ya nyumba. Akakata tawi nene lenye panda, akalichonga ncha. Akarudi nalo, akaliegemeza chini ya tawi lililoinama, panda ikalishika barabara. Akakata la pili, na la tatu. Alipomaliza alisimama mbele ya shina, pumzi zinampanda, panga bado mkononi.

"Wewe mti," alisema kwa sauti nzito. "Leo nikukate?"

Ludovika alikuwa anafagia. Alitupa fagio chini, katikati ya mistari yake mwenyewe. Akaenda nyuma ya shina, kwa kupitia ile nafasi ya kiwiko mpaka kwenye vidole.

"Nikate," alijibu, "halafu uone utakula nini."

Sharifa alicheka mpaka akashika uzio. Romwaldi naye alishindwa kujizuia. Akaweka panga chini, akachuma parachichi la kwanza, kubwa, akalipima kwa mikono miwili. Akampa mkewe.

"Tumepata mtu," alisema.

Ludovika alilipokea. Hakulila siku ile, maana lilikuwa bado gumu. Aliliweka ndani ya unga wa mahindi mpaka likaiva, akalikata vipande viwili sawasawa, na nusu moja akaipeleka kwa Sharifa kwenye ungo.

Siku hizi ukipita Ruhuwiko utaona maduara ya matofali karibu kila uwanja. Mengine yamepinda, lakini yapo. Hata kwa Sharifa liko duara, tena kila asubuhi anafagia kulizunguka, anarudi kinyumenyume mpaka barabarani. Ludovika ndiye aliyemfundisha.